Hodi Bila Karibu

Neno karibu nilianza kulichunguza baada ya bibi yangu kushindwa kulitamka. Shule sikusoma, kusoma nimejifundisha kwa magazeti ya kufungia sukari, na mpaka leo naogopa kukosea. Hata aya hii nimeifuta na kuiandika upya, na bado naiona haijakaa sawa.

Tulikaa Ngamiani, bibi na mimi. Asubuhi ile nilikwenda kazini kwa fundi cherehani, nikamwacha anasukutua. Nyuma yangu akaanguka chumbani, upande mmoja ukafa, na sauti ikaenda nao. Jirani yetu, mjane wa Kibondei tuliyepakana naye ukuta, akamletea kisamvu. Mlango ulikuwa umerudishwa tu. Akapiga hodi mara tatu, kama inavyotakiwa. Hakujibiwa. Akaweka bakuli kizingitini, akarudi kwake.

Niliporudi alasiri, bakuli lilikuwa limejaa sisimizi. Bibi yuko sakafuni, macho wazi, amejikojolea.

"Nilipiga hodi, mwanangu," jirani aliniambia. "Kimya. Ningeingiaje nyumba ya watu sijakaribishwa? Bibi yako mwenyewe angenisema mtaa mzima."

Ni kweli. Bibi aliwahi kumtoa nje mke wa mjomba aliyeingia bila hodi, ili arudi mlangoni aanze upya.

Nikaenda kwa maalimu wa chuo cha Kurani, ninayemuuliza maneno yanayonishinda magazetini.

"Shikamoo, maalimu. Karibu maana yake nini hasa?"

"Marahaba. Leo umeishiwa na maneno magumu?" Alipoona sicheki, akakaa vizuri. "Ni Kiarabu. Maana yake kisicho mbali. Hata ndugu zako, akraba, wametoka mzizi huohuo. Lakini Mwarabu akikutaka uingie ndani ana neno lingine. Hilo la mlangoni tumelitia sisi watu wa pwani."

Nilirudi na uchungu. Jirani hakuwa mbali hata kidogo. Alichokosa ni ruhusa, na ruhusa hiyo tumeitunga wenyewe.

Nikamwomba asipige hodi tena. Akawa anaingia tu, anamlisha bibi uji, anamgeuza, anamfulia. Kila alipoingia, bibi aligeuzia uso ukutani. Kwangu hakufanya hivyo.

"Alinisamehe?" jirani aliniuliza jioni ya maziko ya bibi.

Nikamjibu ndiyo. Sijui. Sijui hata kama bibi alikasirika kwa kuingiliwa bila hodi, au kwa kuachwa sakafuni siku ile kwa sababu ya hodi.