Mzee wa Kwenye Daftari

Mimi subira sina. Mama husema hata tumboni nilimpiga mateke mpaka akakoma. Kwa hiyo ile kesi ya shamba ilinikondesha mimi kuliko yeye mwenye shamba.

Shamba lenyewe liko Matembwe, parachichi juu, mahindi bondeni, na katikati nyumba ya mama. Akinyang'anywa lile hana pa kwenda, labda aje abanane na mimi na magunia yangu Makambako. Alipewa na babu yangu, baba mkwe wake, kwa kuwa baba alipofariki yeye ndiye aliyebaki kumuuguza. Kijiji kizima kilijua. Ila barazani hawakuulizi kijiji kinajua nini, wanafungua daftari.

Siku watu wa ardhi walipopita kuandikisha mashamba, babu alikuwa ameshazikwa. Karani akamuuliza mama, "Shamba umepewa na nani?" Mama akajibu, "Na mzee." Naye, sijui alikuwa na haraka gani, akaandika hivyohivyo: aliyetoa ardhi, Mzee. Hakuwa mtu wa huku. Kwetu mkamwana hatamki jina la baba mkwe wake, awe hai, awe kaburini. Hati ya kimila ikatoka, mama akaiweka kwenye sanduku la nguo, sisi tukalala usingizi wa pono.

Aliyetuamsha ni baba mdogo. Alifungua shauri Njombe, kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba, akasimama mkavu kabisa: "Huyo Mzee aliyeandikwa ni mimi. Kijijini wote wananiita mzee. Shemeji nilimwazima tu alime, sasa nataka changu."

Jamani! "Mwongo mkubwa wee!" nilipiga kelele, nikaambiwa nikirudia natolewa nje.

Shauri likaahirishwa. Likaahirishwa tena. Kila tarehe nafunga duka langu la nafaka, nawahi Njombe, nakuta baridi ileile na benchi lilelile, na mama ameshafika, katulia na kitenge chake mabegani. Mimi nakaa, nasimama, naenda chooni sina haja, narudi. Hata dukani nilikuwa napima mahindi nasahau nimefika debe la ngapi, naanza upya, mteja ananitazama.

"Mama, safari hii wakikuuliza, litaje," nilimwambia. "Jina haling'ati."

"Wewe hujawahi kuwa mkamwana wa mtu," akajibu.

Liliniuma, kwa kuwa ni kweli. Sikumsemesha mpaka tulipoitwa ndani.

Siku hiyo mtendaji wa kijiji alikuja na daftari la zamani, lile lililotangulia hati. Ndani yake babu, kwa jina lake kamili na dole gumba, alikuwa amempa shamba mke wa marehemu mwanawe. Nikajua tumepona. Baba mdogo akasema hilo ni shamba jingine, baba yake alikuwa na mashamba mengi. Mwenyekiti wa Baraza akamgeukia mama.

"Mama, aliyekupa shamba hili unaloishi ni nani?"

"Baba mkwe wangu."

"Jina lake."

Mama akatazama sakafu. "Mzee."

"Mama yangu, karani alishaandika Mzee mara moja, ndiyo maana tuko hapa. Nataka jina, na mimi siwezi kukutajia. Litoke kinywani mwako."

Nikasogea ukingoni mwa benchi. Sema, mama. Sema, sema, sema! Nilimkasirikia mpaka nikaona aibu.

Mama akainuka. Akakitoa kitenge mabegani, akajifunika nacho kichwa, akainama kidogo kama anavyofanya mkamwana anapopishana na mkwewe njiani. Halafu akalitamka. Majina yote matatu, polepole, sauti ikikwaruza.

Baba mdogo akavua kofia. Sidhani kama alijua mkono wake unafanya nini. Mwenyekiti alimwona.

"Mbona umevua kofia?"

"Huyo ni baba," akasema, na siku ile hakusema tena kwamba Mzee ni yeye.

Nje nilitaka kupiga vigelegele. Mama alikuwa analia, na hayakuwa machozi ya furaha. "Haya, umefurahi?" akaniuliza. Nilimshika mkono, akauondoa taratibu.

Hukumu ilipotoka, shamba likabaki kwake. Nilimpelekea nakala Matembwe. Macho yake siku hizi hayaoni maandishi madogo, basi akaniambia nimsomee yote, nisiruke. Nikakaa kwenye kigoda mlangoni penye mwanga, nikasoma: mdai, mdaiwa, mipaka, jirani wa kaskazini, jirani wa kusini. Nilisoma haraka kama kawaida yangu, nikageuza ukurasa, nikafika palipoandikwa kwamba shamba hili mdaiwa alipewa na, kisha majina, yamepigwa chapa kwa herufi kubwa, yote matatu.

Nikainua macho. Mama alikuwa ameshika ncha ya kitenge chake, anasubiri.

"Alipewa na mzee," nikasoma.

Akakiachia kitenge. "Endelea," akasema.