Neno la Konokono Mmoja

Mama mkwe wangu, Faimano, hakuwa mwoga. Alimzika mume akiwa na miaka thelathini na minne, alivuka mto uliofurika na mimba ya miezi minane, na mchungaji alipomwambia sauti yake inaharibu kwaya, alimjibu papo hapo mbele ya kanisa zima. Nayasema haya mapema ili msimdharau. Maana mwaka ule alipoanza kulikimbia jiko la nyumba yake mwenyewe kwa sababu ya konokono asiyefika ukubwa wa ncha ya kidole, mimi ndiye niliyeshtuka kuliko wote.

Tunakaa nyuma ya kijiji cha Avera, upande wa mashariki wa kisiwa cha Raiatea, mahali barabara inapoishia na mlima kuanza. Faimano alikuwa mtunga mikufu. Kwetu mtu anayefika huvishwa maua, na anayeondoka huvishwa magamba, na tangu Faimano akiwa msichana hakuna aliyepanda meli kwenda mjini Papeete au jeshini Ufaransa bila shingo yake kujaa kazi ya mikono ile. Zamani magamba hayo yalitoka mlimani. Walikuwa konokono wadogo wa mitini, wengine wa rangi ya asali, wengine wana mistari, wakilala mchana chini ya majani kwa makundi. Kila ukoo wa watungaji ulikuwa na mahali pake pa kuokota, na mahali hapo hapasemwi. Bibi humwonyesha mjukuu wa kike siku atakapomaliza mkufu wake wa kwanza, basi. Mume haambiwi. Mimi mkaza mwana nilikaa naye miaka kumi na mmoja, nikampikia, nikamzalia wajukuu wawili wa kiume, na sikuambiwa. Iliniuma, sitaficha.

Konokono hao walikwisha. Kwanza alikuja yule mkubwa wa kutoka Afrika, akala majimbi, akala vanila, akatambaa hadi kwenye kuta za kanisa. Watu wa kilimo wakaleta mwingine wa kumwinda, mwekundu mwekundu, mwembamba, mwenye mbio kupita konokono wengine. Waligawa kwa makopo. Mwindaji akamwonja yule mkubwa, akaona kazi, akawageukia wadogo wa mitini. Miaka michache tu, mlima ukawa mtupu. Faimano akahamia magamba ya pwani kama wenzake, na tukadhani yamekwisha.

Ndipo akaja Poerava, msichana wa Papeete, mtaalamu wa wadudu na konokono, miguu myembamba na mdomo usiopumzika. Alikuwa ametafuta miaka miwili kisiwani kote. Alimpata mmoja, mmoja tu, kwenye jani la kangaga karibu na maporomoko yaliyo juu ya nyumba yetu. Akaomba chumba cha nyuma, na kisanduku cha kioo akakiweka jikoni, kwa kuwa jiko letu ndilo lenye ubaridi.

Jioni ya kwanza tulikula shelisheli la kuchoma na samaki wa tui, Poerava akatuambia neno.

"Huyu wanamwita endlingi," alisema. "Ni jina la kitaalamu. Wachache wanalitumia."

"Maana yake?" Faimano akauliza.

"Kiumbe wa mwisho wa aina yake. Akifa yeye, aina imekwisha."

"Wakibaki wawili je?"

"Hapo halitumiki, mama. Lazima awe mmoja, tena duniani kote. Akiwa peke yake kisiwani huku ana ndugu ng'ambo, si lake."

Nikaona meza imekuwa nzito, nikasema, "Basi jino la jirani yetu mzee Teriitahi nalo ni endlingi. Kinywa kizima limebaki hilo hilo."

Poerava alicheka hadi akapaliwa. Faimano hakucheka.

"Lakini halikuanza kwa wanyama," Poerava akaendelea alipopata pumzi. "Nilisoma kwamba lilizaliwa hospitalini, Marekani. Kulikuwa na wagonjwa waliokuwa wa mwisho katika koo zao, na hapakuwa na neno la kuwaita. Wakatungiwa."

"Na walipopewa neno, wakapona?"

"Sidhani, mama."

Faimano akasukuma sahani yake. Tangu siku ile hakula tena jikoni.

Mwanzoni nilidhani ni kiburi cha mwenye nyumba aliyechoshwa na mgeni. Alibeba kigoda chake hadi kando ya tangi la maji, akala huko, mvua au jua. Akihitaji chumvi aliniita nimletee. Siku moja nilikuta kisanduku kimefunikwa kwa kitenge chake cha kanisani, kile chekundu.

"Mama, atakosa hewa."

"Ananitazama."

"Konokono haoni mbali. Poerava kasema anatofautisha mwanga na giza tu."

"Anaona vya kutosha."

Nikacheka. Nilicheka sana wiki zile za kwanza, na leo naona aibu. Kwa maana baadaye akaanza kusikia. Tulikuwa tunatoboa magamba barazani, jua limesimama utosini, akanishika mkono. "Husikii?"

"Nini?"

"Anatafuna."

Niliingia jikoni, nikaweka sikio kwenye kioo. Yule konokono alikuwa amegandama chini ya jani, kimya, wala hakuwa ametoa kichwa. Nilipomwambia, akatikisa kichwa kama mtu anayeongea na mtoto. Alimsikia barazani, alimsikia shambani kwenye majimbi, na Jumapili moja alimsikia kanisani, mwendo wa saa nzima kutoka nyumbani, katikati ya wimbo. Aliacha kuimba akakaa. Mwanamke ambaye mchungaji mwenyewe hakuweza kumnyamazisha.

Hapo nikaogopa. Kwetu tunajua wafu wana njia zao za kurudi, na wengi bado huwaachia taa ikiwaka. Lakini sikuwahi kusikia mzimu wa kitu ambacho bado ki hai.

Kila siku, akiwa huko nje kwenye kigoda chake, alimwita Poerava dirishani na kumuuliza juu ya lile neno, kwa kuzunguka, kama mtu anayepima kina cha maji kwa mti.

"Mwanangu, na kama kuna mwingine, ila hakuna aliyemwona?"

"Basi tumekosea kumwita hivyo, ila hatujui kwamba tumekosea."

"Na kama yupo anayejua, hajasema?"

Poerava aliweka kijiko chini. Si mjinga yule. Akajibu polepole, "Huyo atakuwa amemwacha mtu avishwe jina la msiba ilhali ndugu yake yu hai. Mama, akipatikana wa pili hata leo, nitalifuta neno hilo kwenye karatasi zangu kwa mikono miwili. Wawili wanaweza kuzaa. Lakini huyu ni mzee. Akitangulia yeye, huyo wa pili atanifaa nini?"

Faimano akamwaga chai yake chini, akaenda zake shambani.

Nilimfuata. Niliudhika, nikamsema kama mkaza mwana asivyotakiwa kusema. "Mahali pa bibi yako, mama. Bado wapo huko, sivyo?"

"Hapo hapasemwi."

"Unamtunzia nani? Binti huna. Wajukuu wako ni wanaume. Na mimi hunihesabu."

"Si hilo, Heimata."

"Ni lipi basi?"

"Nenda kaoshe majimbi."

Nikaenda kuosha majimbi. Siri ya mtungi aijuaye kata, nikajiambia, na kata yetu hii imeziba mdomo. Ningeweza kumwambia Poerava nilichokishuku. Sikumwambia. Nilimwonea haya mama mkwe wangu, na pia, niseme kweli, nilitaka nionyeshwe mimi kwanza, kwa haki yangu. Kwa hiyo katika hesabu ya siku zile arubaini za kunyamaza, zangu nazo zimo.

Siku ya arubaini na moja, Poerava aliamka akakuta konokono amejifungia ndani ya gamba. Siku ya pili yake hakutoka. Alimnyunyizia maji, akambadilishia majani, akakaa sakafuni jikoni akilia waziwazi, kamasi na yote, kama aliyefiwa. Faimano alisimama mlangoni akimtazama. Hakuvuka kizingiti. Kisha akavaa mabuti yake ya mpira, akachukua panga.

"Inukeni," alisema. "Nyote wawili. Twende."

Tulipanda kwa saa tatu. Faimano alitangulia akifyeka, miaka sitini na mitatu, nasi tukihema nyuma. Tulivuka mto mara saba. Tukafika chini ya jabali lenye ufa, akakaa, na pale akatuambia.

"Walipogawa makopo, kila mtu alimwaga wake shambani. Mimi nilichukua mawili. Moja nikamwaga kwenye vanila. La pili nikalibeba huku." Alionyesha ufa kwa ncha ya panga. "Nilikuwa nimeona yule mkubwa ameanza kupanda, yuko mtoni. Nikasema, akifika kwa wadogo zangu atawamalizia majani. Nikawaletea mlinzi."

Mto ulisikika chini.

"Niliimba njiani," akasema. "Nilikuwa na furaha. Baada ya miaka miwili nikarudi kuokota, chini kumejaa magamba matupu kama mchanga. Juu kabisa ya miti ya mape walikuwa wamebaki wachache. Niliwaona. Sikurudi tena. Bibi yangu aliniachia mahali hapa, na bibi yake alimwachia yeye. Ningekwambiaje, Heimata? Njoo nikuonyeshe nilichokifanya?"

Poerava alimshika bega. "Ulikuwa hujui, mama. Hata waliowaleta hawakujua. Wakati ni huu, twende tuangalie."

Tuliingia kwa ubavu. Ndani kulikuwa na bonde dogo, la kijani, lenye maji yanayotona, na miti ya mape mikubwa yenye mizizi iliyosimama kama mbao za ukuta. Magamba yalikuwa chini ya miguu, meupe, yamekufa rangi, yakivunjika kila tulipokanyaga. Tulipekua jani kwa jani. Poerava alipanda mti wa kwanza, wa pili, wa tatu. Mimi nilitafuta kwenye makangaga. Nilijikuta nasali, nami si mtu wa kusali katikati ya wiki.

Faimano ndiye aliyeita. Hakupiga kelele, alisema tu, "Huyu hapa."

Alikuwa amesimama mbele ya mti wa mwisho, mkono hewani, haugusi. Kwenye jani la chini kulikuwa na gamba la rangi ya asali, lenye mstari mmoja, linang'aa. Poerava aliteremka akichubuka magoti, akakimbia, akapiga magoti mbele ya lile jani. Akachukua kibano chake kidogo, akaligeuza gamba.

Lilikuwa tupu. Ndani kulikuwa bado na unyevu. Kwenye jani ulikaa ute mpana uliokuwa haujakauka bado kwa ubichi wa bonde, ukishuka kwenye shina, na hatua mbili kutoka pale, juu ya mzizi, yule mwekundu alikuwa akijivuta taratibu, ameshiba.

Poerava alilinusa gamba.

"Lini?" Faimano akauliza.

"Mama..."

"Nimekuuliza lini."

"Jana. Labda juzi. Mabaki yao huoza upesi, na haya bado hayanuki."

Nilimwangalia mama mkwe wangu nikitegemea ataanguka. Hakuanguka. Alimwendea mwindaji, akamkanyaga kwa buti, mara moja, bila hasira. Kisha akauliza kwa sauti ya kawaida kabisa, kama anayeuliza bei sokoni, "Sasa lile neno ni lake? Yule wa nyumbani?"

Poerava alifuta uso kwa kiganja chenye tope. "Ndiyo, mama. Sasa ni lake."

Tulishuka mlima. Nyumbani tulikuta konokono ametoka, yuko kwenye kioo, pembe zake mbili zimenyooka, mzima kabisa. Poerava alipomwona akaingia chumbani akafunga mlango.

Faimano alivua mabuti, akanawa miguu, akachukua kigoda chake kutoka kando ya tangi. Akavuka kizingiti. Alikiondoa kile kitenge kilichokuwa pembeni, akakaa mbele ya kisanduku, uso karibu na kioo kiasi kwamba pumzi yake ilikitia ukungu. Mimi nilisimama na sufuria mkononi, nisijue niipeleke wapi.

"Ulikuwa na mwenzio," alimwambia. "Hadi juzi ulikuwa naye. Mimi nilikuwa hapo nje, nakula."

Alikaa hapo mpaka chakula kikapoa, akilirudia hilo hilo. Konokono alikuwa akipanda kioo upande wake, akipasua ule ukungu wa pumzi kwa mstari mwembamba, na safari hii hata mimi nilimsikia akitafuna.