Majina Ndani ya Mgongo wa Rejesta

Kwa miaka thelathini na mmoja Fundi Gundi alifanya kazi katika chumba cha chini cha maktaba ya chuo kikuu. Dirisha lake moja lilikaa usawa wa ardhi, hivi kwamba mchana kutwa alichokiona cha dunia ni miguu ya watu. Aliwajua wahadhiri kwa soli zao. Alijua nani ana haraka, nani kagombana na mwenzake, nani kaanza kupenda, maana jozi mbili za viatu zilizokuwa zikipita mbalimbali huanza ghafla kupita pamoja, kisha kusimama pale nje bila sababu ya maana.

Jina lake la kuzaliwa lilibaki kwenye faili la ofisi. Watu wote, kuanzia mkewe hadi mlinzi wa getini, walimwita Fundi Gundi kwa ajili ya gundi ya unga wa ngano aliyoipika kila Jumatatu asubuhi katika sufuria ndogo, na harufu yake iliyogoma kutoka mikononi hata kwa sabuni. Alikuwa mrefu, mpole, na mwenye tabia ya kunyamaza katikati ya sentensi akaenda zake mbali. Nyumbani walishazoea. "Mwacheni," mkewe aliwaambia watoto, baba yao akiwa ameganda na kijiko hewani. "Katoka kidogo. Atarudi."

Kazi yake ilikuwa kutibu vitabu: kushona kurasa zilizong'oka, kubandika mapengo kwa karatasi nyembamba, kuvalisha majalada mapya. Alisoma ukurasa uliokuwa mezani tu, basi. Kwa hiyo alijua mambo mengi nusunusu. Alijua jinsi vita fulani vilivyoanza lakini hakujua nani alishinda. Alijua dalili za ugonjwa mmoja wa figo, ila dawa yake ilikuwa ukurasa wa pili, na ukurasa wa pili ulikuwa mzima, haukuhitaji fundi.

Kitabu kimoja tu alikijua chote. Kila mwaka alishona vijitabu vyembamba vyenye Azimio la Haki za Binadamu kwa ajili ya darasa la mhadhiri mmoja, mwanamke mfupi mwenye sauti kubwa, aliyefundisha historia ya haki hizo: zilidaiwa na nani, ziliandikwa lini, zilikanyagwa wapi. Fundi alizisoma ibara zile huku akikunja karatasi, nyingine kichwa chini miguu juu, mpaka zikamkaa kichwani. Siku moja alimuuliza mhadhiri, "Mwalimu, hapa pameandikwa kila binadamu anastahili kutambuliwa na sheria kuwa ni mtu. Hivi kulikuwa na waliohitaji kuandikiwa hilo ndipo walijue?"

Mhadhiri alicheka. Kisha akaacha kucheka. "Fundi," alisema, "somo langu zima ni hilo swali."

Ilikuwa asubuhi ya mvua mhadhiri huyo aliposhuka ngazi na sanduku la bati. Ofisi moja ya zamani ya serikali ilikuwa inabomolewa, na nyuma ya ukuta wa stoo mafundi ujenzi walikuwa wameikuta rejesta ya kambi ya kizuizini, kambi iliyofungwa miaka hamsini nyuma. Watu walifungiwa pale bila kushtakiwa wala kuhukumiwa. Kila mtu mwenye umri wa kutosha alijua kambi ilikuwepo, lakini siku zote serikali ilisema makaratasi yake yote yaliteketea.

Rejesta ilikuwa imelowa na kukauka, ikalowa tena, kurasa zikashikana kama mkate. Fundi alichukua siku tisa kuzitenganisha, ukurasa mmoja mmoja, kwa mvuke wa birika na kipande chembamba cha mfupa. Wino ulikuwa umechuja ukawa mawingu ya bluu, ila safu zilisomeka: namba, tarehe ya kuingia, kazi aliyopangiwa, tarehe ya kutoka. Safu ya jina haikuwepo kabisa.

"Ndivyo walivyotaka," mhadhiri alisema. "Mtu akiingia pale, jina linabaki getini. Mikataba ninayo kabati zima, Fundi. Watu ndio sina."

Alipoondoka, Fundi aliendelea kuikodolea macho ile rejesta. Mvua ilikuwa inanong'ona kwenye kioo. Kuna kitu kilimsumbua, na hakikuwa kwenye kurasa. Aligeuza rejesta, akapitisha kidole mgongoni. Kiwandani hushona kwa uzi mweupe. Huu ulikuwa wa kijivu, wenye manyoya, uzi uliofumuliwa kwenye blanketi. Na kila mshono ulifungwa fundo mara mbili, taratibu, bila papara. Kumbe mtu aliifumua rejesta hii kule kule kambini na kuishona upya. Halafu mgongo wenyewe ulikuwa mnene mno. Ndani ya mgongo fundi hubandika karatasi mbili za kuukaza, akizidisha sana tatu. Hapa alihesabu kingo sita.

"Mgongo umeshiba huu," alijisemea.

Akafumba macho. Hakuwa mtu wa kuona maono, lakini mikono aliiona: mikono ya mtu mwingine, kwenye meza nyingine, ikipaka gundi hiyo hiyo ya unga, ikilaza karatasi juu ya karatasi huku mtu mwenye bunduki akipiga miayo mlangoni. Alipofumbua macho, chai yake ilikuwa imepoa na mvua imekatika.

Mkutubi Mkuu hakutaka kusikia habari za kufumua. Alikuwa mtu wa taratibu, tai imenyooka toka Jumatatu hadi Ijumaa. "Kumbukumbu haiguswi, Fundi. Ukiufumua mgongo, kesho watasema tumeichezea, na hapo haitakuwa ushahidi wa chochote."

Fundi Gundi kubishana hakukujua. Aliiweka rejesta mbele ya bosi wake, akamshika mkono na kuuweka mgongoni mwa kitabu. "Pitisha kidole, bosi. Aliyeshona hiki alikuwa fundi kuliko mimi. Fundi wa namna hiyo hatupi karatasi sita bure."

Mkutubi Mkuu alipitisha kidole. Akapitisha tena. Mwisho alivua miwani. "Pigeni picha kila hatua," alisema. "Na mimi niwepo."

Basi wakawa watatu, pamoja na mhadhiri, katika chumba kile, siku tatu mfululizo, wakipumua kwa hadhari. Fundi alilowesha mgongo kwa pamba, akasubiri, akainua. Karatasi ya kwanza ilikuwa tupu. Ya pili kipande cha gazeti. Ya tatu ilipoachia, mhadhiri alishika ukingo wa meza.

Ilijaa maandishi madogo ya penseli. Wino hukimbia maji, penseli hukaa. Kila mstari ulikuwa na namba, halafu jina kamili, kwao, kazi aliyokuwa akiifanya uraiani, na watoto wangapi. Mia moja kumi na nane: seremala, watoto wanne. Mia moja thelathini: mwalimu wa hesabu, hana mtoto, ana mchumba. Na karatasi ya nne vivyo hivyo, na ya tano; ya sita ilikuwa tupu kama ya kwanza. Watu sitini na wanne. Katikati yao, kwa namba yake kama wengine, bila kujitanguliza wala kujificha: mia mbili na tatu, mshona vitabu, mtoto mmoja wa kike.

Mkutubi Mkuu alilegeza tai, jambo ambalo halikuwahi kuonekana. Fundi alibaki ameshika ile karatasi kwa vidole viwili, iking'aa maji, na alijisikia kama mtu aliyeitwa na sauti anayoijua kutoka chumba cha pili.

Tangazo lilisomwa redioni kwa wiki mbili, wakaanza kuja. Walikuja wajane, wajukuu, wapwa. Fundi alikuwa akiwawekea kioo cha kukuzia na kusogea pembeni. Wengine walisoma kwa sauti, wengine midomo ilicheza tu. Mama mmoja alisoma jina la kaka yake kisha akakemea, "Watoto watatu? Walikuwa wanne! Yule mdogo kamkana?" Chumba kizima kikacheka, naye akacheka hadi akalia.

Wiki ya tatu akaja mzee mwenye mabega mapana, mkononi fimbo aliyoichonga mwenyewe. Hakuuliza kitu. Alisema, "Mia moja kumi na nane ni mimi."

Walimpa kiti. Aliinama juu ya kioo muda mrefu. Alipoinuka, uso wake ulikuwa umebadilika rangi.

"Nani kaandika haya?"

"Mia mbili na tatu," mhadhiri alijibu. "Mshona vitabu."

"Mdaku," mzee alisema polepole. "Tulimwita Mdaku. Alikuwa akikukuta kwenye foleni ya maji anauliza: kwenu wapi ndugu yangu, ulikuwa unafanya kazi gani, una watoto wangapi. Kila mtu anaulizwa. Na mchana anakaa ofisini kwao, anawashonea makabrasha, kivulini. Tukasema huyu anatuuza. Mimi mwenyewe nilimtemea mate mbele ya watu. Alijifuta, akaniuliza, 'Wanne ulisema, au watano?'"

Mzee alifunika macho kwa kiganja. Fundi alimsogezea maji, hakuwa na kingine cha kumpa.

Mhadhiri alimtafuta binti wa mshona vitabu kwa miezi miwili. Alipatikana mji mwingine, muuguzi aliyekaribia kustaafu, mwenye kicheko cha karibu. Yule mzee seremala aliomba awepo siku atakapokuja. Alifika mapema kuliko wote, shati limepigwa pasi, akakaa amenyooka kama anayesubiri hukumu.

"Shikamoo baba," muuguzi alimsalimu.

"Usinisalimie kwanza, binti yangu. Nisikilize. Baba yako nilimwita mdaku, nikamtemea mate. Na tulipotoka nilieneza mtaani kuwa alikuwa mtu wao."

Muuguzi alikaa. Fundi akadhani labda wamekosea kuwakutanisha.

"Ndiyo maana tulihama," alisema. "Nilikuwa na miaka minane. Dukani watu walikuwa wanageuza migongo. Mama alimsihi aseme kitu, ajitetee. Baba akaenda ofisi ya wilaya kuomba waifungue rejesta. Wakamwambia imeungua, kila kitu kimeungua. Alirudi akasema, 'Bila kitabu nitamwambia nini mtu?' Hakulizungumza tena. Aliishi miaka kumi na minane baada ya hapo akishona madaftari ya watoto wa shule."

"Nisamehe," mzee alisema. "Yeye siwezi tena kumwomba."

"Kuhusu udaku hukukosea sana," muuguzi alisema, na machozi yalikuwa yanamtiririka huku anatabasamu. "Baba alikuwa akiuliza hata kuku habari za jana. Hebu nioneshe alikuandikaje."

Wakainama wote wawili juu ya kioo, bega kwa bega. Watoto wanne, ndiyo. Mzee akamtajia majina yao, mmoja mmoja.

Kuanzia muhula uliofuata mhadhiri alibadilisha mpangilio wa somo lake. Azimio lilibaki, mikataba ikabaki, lakini wanafunzi walianzia chumba cha chini, wakimsikiliza fundi wa maktaba akieleza kwa nini mgongo unahitaji karatasi mbili tu. Mara nyingine alikatika katikati ya maelezo, macho yakahamia mbali, nao walijifunza kungoja. Na orodha ile ilikubaliwa rasmi kuwa ushahidi: familia zilizoambiwa miaka yote kwamba hakuna mtu wao aliyewahi kushikiliwa zilipata barua yenye mhuri inayosema alishikiliwa, kuanzia tarehe hii hadi tarehe hii, bila kosa.

Mstari mmoja tu ulishindikana. Namba mia moja sitini na moja: wadudu waliopenda gundi walikuwa wamekula jina lote na kwao, likabaki tundu jembamba, halafu neno "dereva", halafu "watoto wawili". Zilijitokeza familia tatu. Kila moja ilikuwa na dereva aliyepotea mwaka ule namba hiyo ilipoingia kambini, akaacha watoto wawili.

Walikuja siku moja, kwa makosa ya barua, wakajikuta wamebanana katika chumba kile. Mwanzoni walikaa mbalimbali. Kila mmoja alitazama kwenye kioo na kila mmoja aliona herufi ya mtu wake kwenye ukingo wa tundu: mmoja mkia wa herufi, mwingine nukta, wa tatu hakutaka kusema ameona nini.

"Wewe fundi," bibi wa familia ya tatu alisema. "Macho yako ndiyo yamezoea. Unaona nini?"

"Naona tundu, mama," Fundi Gundi alijibu. "Ningesema zaidi ya hapo ningekuongopea."

Bibi alitikisa kichwa taratibu. Kisha akamgeukia mwanamume wa familia ya kwanza, akamuuliza wa kwao alikuwa anaendesha gari gani. Lori, alijibu. Wetu pia lori, bibi akasema. Wa kwetu basi, akadakia wa familia ya pili, tena alikuwa na honi ya ajabu, mtaa mzima ulikuwa unajua karudi. Wakaanza kuelezana. Saa sita ikapita, saa nane ikapita. Mvua ndogo ilinyesha na kukatika bila mtu kuigeukia.

Fundi alikuwa ameshaandaa karatasi nyembamba ya kuziba tundu lile, maana rejesta ilikuwa inarudishwa kwenye jalada jipya, na orodha ya majina safari hii ilikuwa inakaa mbele, ukurasa wa kwanza. Aliinua karatasi ile kwa brashi, akawaonesha. Walinong'onezana wao kwa wao, kwa mara ya kwanza kama watu wa nyumba moja. Bibi ndiye aliyejibu.

"Usizibe, baba. Paache hivyo hivyo, sote tunaingia hapo."

Fundi Gundi alishusha brashi. Katika miaka yake yote ya kazi hakuwahi kuliacha pengo wazi. Akapaka gundi pembezoni tu, kwa wepesi, ili wadudu wasiendelee kula, akalaza ukurasa chini ya ubao mzito ukauke.