Sarufi ya Kimalei

Mjukuu wangu amefungua sanduku la zamani hapa Kibaha, ikatoka harufu ya karafuu na karatasi kuukuu. Nikajiona mtoto tena, Kisarawe, nimeshika kitabu cha sarufi ya Kimalei, nikimsikiliza baba akisoma masomo yake baada ya alfajiri. Haji mmoja wa Kimalei alimuuguza baba alipougua akihiji Makka, na baba alitaka kumwandikia shukrani kwa lugha yake.

"Mzee mzima unasomeshwa na binti!" mama alimtania.

"Acha nisomeshwe, mama watoto."

Asubuhi moja mwalimu wa madrasa alituletea barua ya Kiarabu, akaisoma. Yule haji amefariki.

Baba alisema innalillahi, akaikunja ile barua, akabaki mkekani.

"Haya, mwanangu. Tuliishia wapi?"

Nikamwonyesha kwa kidole. Akasoma somo lote bila kukosea.