Beseni la Chumvi Kwenye Uwanja wa Ndege

Kabla ya kambi ya ndege za jeshi kufungwa na majengo yake kuwa shule ya watoto wetu, tatizo lake kubwa halikuwa adui. Lilikuwa ng'ombe. Asubuhi waliacha nyasi zenye umande wakaja kulala kwenye lami kavu ya uwanja, wakicheua bila haraka.

Askari walipiga risasi hewani. Ng'ombe walitawanyika, kisha wakarudi palepale. Mkubwa wa kambi akachoka, akatangaza kwamba ng'ombe atakayekutwa tena atauawa. Wengi walikuwa wa shangazi yangu, Mama Bénédicte, mjane ambaye mumewe hakumwachia kitu kingine.

Shangazi akatia chumvi kwenye beseni la chuma, akasimama mbali kwenye nyasi, akaligonga kwa mwiko. Ng'ombe wakainuka wenyewe, mmoja nyuma ya mwingine, wakamfuata. Kuanzia hapo, kila ndege iliposikika upande wa Iga Barrière, askari walimkimbilia yeye. Hakuna ndege iliyogonga ng'ombe, wala ng'ombe aliyepigwa risasi. Nayasema haya kifua mbele.

Mwaka huu shule ilitaka historia ya kambi ichorwe ukutani. Rémy, mchoraji, akachora ndege, marubani, na yule mkubwa mwenye tumbo lake. Shangazi akaomba naye awekwe. Mzee Théodore, chefu, yaani mkuu wa mtaa, akacheka.

"Mama, hii ni histoire ya ma-avion. Haiko ya ngombe."

Niliumia sana kusikia kwamba historia ni ya ndege tu. Shangazi aliaga tu, akaenda zake.

Siku ya kuonyesha ukuta, Mzee Théodore akiwa katikati ya hotuba yake ndefu, tukasikia beseni likigongwa nyuma ya viti. Hadi leo Shangazi huwapa ng'ombe wake chumvi vilevile. Wakaja, wajukuu wa wale wa zamani, jike jekundu likitangulia, wakapita kati ya wageni na meza ya wakubwa, wakamzunguka. Hotuba ikakwama.

"Ngombe ya nani hii?" Mzee Théodore akafoka.

"Ya histoire," Shangazi akajibu, akiendelea kugawa chumvi.

Watu wakapiga makofi. Mzee wa watu akajaribu kukasirika, akashindwa.

"Rémy, brosse yako iko wapi?" akauliza, akiitafuta brashi kwa macho.

Leo Shangazi amesimama katikati ya ukuta na beseni lake, jike jekundu kando. Ndege iko juu yao, inasubiri amalize.