Alama Ambayo Fundi Alikataa Kuifunga

Nilipokuwa nikiandika riwaya yangu ya kwanza nilitunga nchi nzima, na mito yake, na wafalme wake, na alama moja ya hatari kuliko zote. Ilikuwa duara lenye mistari mitatu ndani. Katika nchi hiyo, mtu akiichora mpaka ncha za duara zikutane, sauti yake humtoka na hairudi tena. Niliipenda mno. Mchana nilifundisha hesabu hapa Machakos, na mara nyingi nilijikuta nimeichora pembeni mwa daftari la kusahihishia.

Mchapishaji aliponiuliza kuhusu jalada, nikapata wazo la kuichongesha kwenye ubao, kisha ubao upigwe picha. Nikaenda Wamunyu kwa mzee mmoja aliyewahi kumchongea mama yangu kigoda. Hapo ndipo nilipokosea. Badala ya kumpa mchoro na kunyamaza, nilikaa kwenye gogo nikamsimulia kisa chote. Alinisikiliza vizuri sana, nami nikajiona mwandishi kwelikweli.

Baada ya wiki mbili nikarudi. Kazi ilikuwa safi, mwarobaini umepigwa msasa mpaka unateleza, ila duara lilikuwa na pengo la upana wa kidole. Nikadhani hajamaliza. Akasema amemaliza.

"Hapa pamebaki, mzee," nikamwonyesha.

"Hapo pakae hivyo hivyo, mwalimu. Mimi niko na wateja wa kuongea nao."

Nikamweleza kwamba nimeibuni mwenyewe, mezani jikoni, Jumamosi moja nikiwa nimeloweka nguo. Hakuna mtu aliyewahi kupoteza sauti kwa sababu hakuna nchi hiyo. Alikubali kila neno, akiitikia kwa kichwa kwa heshima, na hakugusa patasi. Nikawageukia mafundi wenzake wawili waliokuwa wakichonga twiga kando yake. Kumbe kisa kilishawafikia. Mmoja alisema angenisaidia, lakini yeye huimba kwaya ya kanisa.

Kisha mzee akaniuliza kwa upole kama mimi mwenyewe nimewahi kuifunga. Nikasema ndiyo, mara nyingi, nikatoa daftari nimwonyeshe. Nikafunua ukurasa wa kwanza, wa pili, wa kumi. Kila mchoro ulikuwa na pengo. Nilisema ni mtindo tu, kwamba wahusika wangu huiacha wazi na mimi nilikuwa nawafuata. Hakunibishia, na hilo liliniudhi kuliko kama angecheka.

Nikamwomba patasi na nyundo. Nilikuwa nimekasirika mpaka masikio yakawaka moto: nimesafiri mara mbili kwenye vumbi lile, nina shahada ya hesabu, na nazuiwa na kitu nilichokitunga nikisubiri sabuni ifanye kazi. Nikaweka ncha ya patasi mahali pake, na mkono ukakataa. Sijui nilikaa hivyo muda gani. Wote watatu waliacha kazi wakanitazama. Hatimaye nikapiga, nikapiga tena, mpaka ncha zikakutana.

Wakangoja nizungumze.

"Mnaona sasa?" nikasema. Koo lilikuwa limekauka, na sauti ikatoka nyembamba kama ya mgonjwa. Fundi wa kwaya akasogeza kigoda chake mbali kidogo.

Mzee hakushughulika na sauti yangu. Aliuchukua ubao, akautazama mstari wangu uliopinda, na uso wake ukaonyesha uchungu wa kweli. Akasema kazi mbovu namna hiyo haiwezi kutoka kwenye banda lake. Akaketi, akainyoosha sehemu yangu kwa dakika chache, akaipiga msasa, huku akinong'ona wimbo fulani. Nilipomuuliza mbona sasa haogopi, alinijibu kama mtu anayemweleza mtoto kwamba aliyeifunga ni mimi, yeye anarekebisha tu.

Nikaubeba ubao hadi nyumbani, nikaupiga picha kwenye mwanga wa asubuhi, nikaituma. Mchapishaji alijibu baada ya mwezi. Picha ilikuwa nzuri, alisema, lakini alama ile ingewatisha wasomaji, kwa hiyo wameamua kuweka mlima wenye theluji. Katika nchi yangu hakuna mlima. Theluji ndiyo haipo kabisa. Nilimwandikia barua ya kurasa tatu, nikaifuta, nikamjibu kwamba ni sawa.