Chetezo cha Chumba cha Kungojea

Siku yangu ya kwanza studio, Al Garhoud, Dubai, nilikabidhiwa ufunguo mmoja na onyo moja. "Dada, wewe ndiye mlango," aliniambia madam, mwongozaji wa kipindi. "Jopo wasimwone mgeni mpaka taa ziwake."

Kipindi chetu cha Kiswahili kilikuwa chepesi kukieleza. Mgeni wa siri huketi mbele ya jopo, yaani waulizaji wanne, nao hukisia kazi yake kwa maswali ya ndiyo au la. Mimi nilimpokea mgeni, nikamficha kwenye chumba cha kungojea na kumwondolea kila kitu cha kumtaja: sare, beji, hata kalamu yenye jina la kampuni. Simu za jopo nilizikusanya mimi pia. Niliacha shule wazazi wetu walipofariki, ili wadogo zangu wa Mombasa wao wasiache. Kazi hii haikutaka cheti, ilitaka macho, nami macho ninayo.

Hata hivyo, mapema tu, mgeni wetu mmoja, fundi saa wa Deira, alikutana na mmoja wa jopo kwenye lifti na, kama ilivyo desturi ya Dubai, akampa kadi yake ya biashara. Kipindi kikaharibika. Madam hakupiga kelele. "Siri ikivuja tena, khalas. Viza nafuta." Viza yangu ndiyo iliyowaweka wadogo zangu darasani.

Mgeni aliyefuata alikuwa Bi Zuhura, mama wa Kizanzibari, mkosha maiti. Alitoka Al Qusais moja kwa moja, alikokuwa amemwosha marehemu mchana ule. Buibui safi, hana beji, hana kadi. Nikashusha pumzi. Kisha akapita mbele yangu, nikanusa karafuu maiti, kafuri ya kuoshea maiti. Mtu wa pwani hakosi kuitambua harufu hiyo, na kwenye jopo alikuwapo Mzee Sefu, Mzanzibari mwenzake.

"Bi Zuhura, unanukia kazi yako."

"Nimekoga mara mbili, mwanangu. Sasa nijichune ngozi?"

Nikachukua chetezo cha mapokezi, nikatia makaa na udi. Nilimfukiza yeye, kisha nikazunguka studio nzima, viti vya jopo, hata makoti yao. Kama angenukia udi peke yake, wangeuliza kwa nini.

Madam akakohoa. "Yalla, dada! Hii studio au harusi?"

"Ni mlango, madam. Naufunga."

Mzee Sefu akaanza. "Wateja wako huja wenyewe?"

"La."

"Huletwa?"

"Ndiyo."

"Hulalamika?"

"La."

"Hata mmoja?"

"Hajatokea."

"Basi si kinyozi!" Ukumbi ukaangua kicheko.

Maswali yakaisha, jopo wakashindwa. Bi Zuhura alipoitaja kazi yake, kicheko kilikatika. Mzee Sefu akavua kofia. "Mama yangu alioshwa Al Qusais. Sikupata kumjua wa kumshukuru."

"Sisi hatujitaji, ndugu yangu. Wala tuliyemwosha hatumtaji."

"Basi nipokelee shukrani, kwa niaba ya mwenzako."

Madam alinijia akifuta macho. "Hicho chetezo kisirudi mapokezi. Kikae chumba cha kungojea."

Nikabaki mpaka mdogo wetu wa mwisho akamaliza chuo, na baada ya hapo nikabaki kwa kupenda. Siku ya kustaafu nilimkabidhi aliyenirithi ufunguo na chetezo. Akacheka. "Dada, mgeni wa leo ni dereva wa kreni. Udi wa nini?"

"Washa," nikamwambia. "Ukiuwasha siku ya mwenye harufu tu, umeshamtaja."